Muda Unaoliwa na TV

TV mpya inapotolewa kwenye boksi na kuwashwa kwa mara ya kwanza, huwa imeshapangwa kwa ajili ya mtu mmoja: mtazamaji. Rangi zimekolezwa ili ivutie macho dukani, chenga za picha zinasafishwa, na mwendo wa watu na mipira umelainishwa hadi unateleza. Kazi hiyo hufanywa na prosesa iliyomo ndani ya TV, na yote inachukua muda. Anayeangalia tamthilia au taarifa ya habari hapotezi kitu. Picha na sauti vikichelewa kwa pamoja, hana njia ya kujua kwamba vimechelewa. Hata anayefuatilia mechi kwa intaneti hugundua yuko nyuma pale tu jirani mwenye king'amuzi anaposhangilia bao ambalo yeye bado hajaliona. Mchezaji wa gemu ndiye anayeweza kuhisi tofauti. Kidole chake kinajua kilibonyeza lini, na jicho lake linajua jibu limefika lini.

Pengo kati ya hayo mawili hupimwa kwa milisekunde, yaani sehemu ya elfu moja ya sekunde. TV ileile inaweza kuchelewesha picha kwa zaidi ya milisekunde 100 ikiwa kwenye mpangilio wa kiwandani, na uchelewaji huo ukashuka hadi kati ya 10 na 20 baada ya kubadilishwa jambo moja kwenye menyu. Hakuna kifaa cha kununua wala fundi wa kuita. Ndiyo maana inaniuma kuona kijana analaumu pedi, analaumu intaneti, na mwishowe anajilaumu mwenyewe kwamba hajui kucheza, wakati muda anaoukosa uko kwenye rimoti iliyolala juu ya meza.

Je, milisekunde 100 ni kitu cha kugombea? Tuchukue mpira wa miguu, kwa kuwa ndiyo gemu inayojaza vibanda vya PlayStation kuanzia Mwanza hadi Mombasa. Winga anayekimbia mita 8 kwa sekunde husogea sentimita 80 ndani ya milisekunde 100. Shuti la kilomita 90 kwa saa husafiri mita mbili na nusu. Kwa hiyo mshambuliaji unayemwona kwenye TV inayochelewa yuko mahali alipokuwa, na mashine ya gemu inajua yuko kwingine. Ukibonyeza kitufe cha kumnyang'anya mpira, unamfuata mtu aliyekwisha kuondoka, unamkwatua, na refa anakutolea kadi ya njano kwa kosa ambalo nusu yake ni la TV. Tangu FIFA 19 ya mwaka 2018 kuna pia ufundi wa kubonyeza kitufe cha shuti mara ya pili pale hasa mguu unapougusa mpira. Ukipatia, shuti linakwenda kwa usahihi mkubwa zaidi, ukikosea, linapaa. Muda wa kupatia ni fremu chache tu, yaani picha chache kati ya zile zinazofuatana kuunda mwendo. Aliyezoea kupatia nyumbani kwake akihamia kwenye TV yenye uchelewaji mkubwa hukosa shuti baada ya shuti, na hakuna anayemweleza kwa nini.

Wako wanaojibu kwamba binadamu mwenyewe huhitaji milisekunde 200 hadi 250 kuitikia kitu alichokiona, kwa hiyo 100 za TV hazina uzito. Hoja hiyo inasahau mambo mawili. Uchelewaji wa TV haujifichi ndani ya ule wa mwili, unaongezwa juu yake. Tena sehemu kubwa ya uchezaji mzuri haitokani na kuitikia. Inatokana na kukadiria. Mchezaji anajua krosi itafika lini, anauandaa mkono wake mapema, na kidole kinashuka kwa wakati uliopangwa kichwani. Ubongo unaweza kuzoea kuchelewa kusikobadilika na kurekebisha makadirio yake, na ndiyo sababu mtu anayecheza kila siku kwenye TV nzito huapa kwamba TV yake haina tatizo. Amelipa gharama hiyo kwa mazoezi. Akienda kwenye mashindano, makadirio yake yote yanageuka kuwa makosa.

Kizazi kilichokulia kwenye TV za chogo hakikuwa na shida hii. Ndani ya chogo, mionzi ya elektroni ilichora picha mstari kwa mstari kadiri mawimbi yalivyokuwa yanaingia kwenye waya. Haikuwa na kumbukumbu ya kuhifadhia fremu nzima, kwa hiyo haikuwa na mahali pa kuichelewesha. Ushahidi mzuri ni Duck Hunt, gemu ya Nintendo ya mwaka 1984 ya kuwinda bata kwa bunduki ya plastiki. Ukivuta kifyatulio, kioo kilikuwa giza kwa kufumba na kufumbua, kisha mraba mweupe ukatokea mahali alipo bata, na jicho lililo ndani ya bunduki likaangalia kama linauona mwanga huo wakati uleule. Mpango mzima ulitegemea TV isiyochelewa. Chomeka mashine hiyo kwenye TV bapa ya leo, bata hafi hata ukimlenga kwa kugusa kioo. Mraba unatokea baada ya mashine kuwa imeshaamua kwamba umekosa. Kwa sababu hiyohiyo, wachezaji wa Super Smash Bros. Melee, gemu ya mwaka 2001 ambayo ushindi wake huamuliwa na fremu mojamoja, bado wanabeba chogo zao hadi kwenye kumbi za mashindano huko Marekani na Ulaya.

TV bapa inafanya kazi kwa namna nyingine kabisa. Inapokea fremu, inaiweka kwenye kumbukumbu, inaikuza au kuipunguza ili ilingane na idadi ya nukta za paneli, inaondoa chenga, inanoa kingo, inapanga mwanga wa nyuma, ndipo inaionyesha. Mwaka 2012 John Carmack, mmoja wa waliotengeneza Doom na Quake, alieleza hadharani kwamba angeweza kutuma ujumbe mdogo wa intaneti kutoka Marekani hadi Ulaya kwa muda mfupi kuliko ule wa kufikisha nukta moja kwenye kioo kilicho mbele yake. Watu walidhani anatia chumvi. Alikuwa amepima.

Katika kazi zote hizo, inayokula muda zaidi ni kulainisha mwendo. Filamu hupigwa fremu 24 kwa sekunde, paneli huonyesha 60 au 120, na TV hujaza pengo kwa kubuni fremu za katikati ambazo kamera haikuzipiga. Hapa kuna sheria isiyokwepeka. Ili kubuni kilichotokea kati ya fremu ya kwanza na ya pili, lazima TV iwe imeshaipokea ya pili. Hali yake ni ile ya mkalimani anayengoja sentensi iishe ndipo afungue kinywa. Hata awe hodari vipi, lazima awe nyuma ya msemaji. Gemu ikitoa fremu 60 kwa sekunde, kila fremu inachukua milisekunde 16.7, na hicho ndicho kiasi cha chini kabisa cha kungoja kabla hata hesabu haijaanza. Kwa kawaida TV hushikilia fremu zaidi ya moja ili ipate kufuatilia vizuri vitu vinavyosogea. Prosesa ya kasi inafupisha hesabu, lakini kungoja hakufupishiki.

Kutokana na hilo inapatikana kanuni inayosaidia kuelewa menyu ya TV yoyote, hata ile usiyoijua. Mpangilio unaogusa kila nukta peke yake haugharimu muda wa maana: mwangaza, ukolevu wa rangi, ujoto wa rangi, utofauti wa kawaida wa mwanga na giza. Mpangilio unaolazimika kuangalia fremu nzima kabla ya kuamua, kama ule wa utofauti unaojibadilisha wenyewe au wa kufifisha taa za nyuma kwa maeneo, unaweza kugharimu. Na ule unaolinganisha fremu moja na nyingine, yaani kulainisha mwendo na baadhi ya njia za kuondoa chenga, lazima ugharimu.

Njia fupi ni kuwasha kile ambacho menyu nyingi hukiita Game Mode. Hali hii ya gemu huzima kazi hizo zote kwa mkupuo mmoja na kuacha zile tu ambazo picha haiwezi kuonekana bila hizo. Kwenye TV za LG za miaka ya karibuni imeingizwa ndani ya kile wanachokiita Game Optimizer. Kwenye Samsung imekaa kwa muda mrefu chini ya mipangilio ya jumla, kwenye sehemu ya vifaa vya nje, mbali na menyu ya picha ambako mtu angeitafuta. Kwenye TV nyingi nyingine ni mojawapo ya aina za picha, ikipangwa pamoja na ya sinema, ya michezo na ya kawaida. Hapa watu wengi hunaswa na jina. Wanaona hali ya michezo, ile yenye alama ya mpira, wanadhani ndiyo ya FIFA. Ile ni ya kuangalia mechi, na mara nyingi ndiyo inayolainisha mwendo kuliko zote.

Mtego mwingine ni kwamba TV nyingi hutunza mipangilio ya kila tundu la HDMI peke yake. Ukiwasha hali ya gemu ukiwa kwenye tundu la king'amuzi, tundu la PlayStation linabaki lilivyokuwa. Kwa hiyo washa mashine kwanza, ingia ndani ya gemu, ndipo ufungue menyu ya TV. Kama mashine inatoa picha za HDR, angalia tena baada ya HDR kuanza, kwa kuwa TV nyingi hutunza mipangilio ya HDR kando na ile ya picha za kawaida, na unaweza kurudishwa kwenye hali ya sinema bila kujua.

Toleo la 2.1 la HDMI, lililotolewa mwaka 2017, lilileta utaratibu unaoruhusu mashine kuiambia TV iingie yenyewe kwenye hali ya uchelewaji mdogo. Xbox One ilianza kuutumia mwaka 2018, na mashine za kizazi cha PlayStation 5 zinaufahamu. PlayStation 4 haiufahamu, na PlayStation 3 ni ya zamani zaidi. Kwa kuwa hizo mbili ndizo bado zimejaa majumbani na vibandani kwetu, kazi hii itaendelea kufanywa kwa rimoti kwa miaka mingi ijayo.

Malalamiko yanayokuja mara baada ya kuwasha hali ya gemu ni kwamba picha imepauka. Mtu anaiona dakika moja, anasema TV imeharibika, anarudi kwenye hali ya kung'aa. Namwelewa, kwa sababu jicho lilishazoea rangi zilizokolezwa. Lakini kanuni ya hapo juu inatupa jibu: rangi, mwangaza na ujoto vinaweza kurekebishwa ndani ya hali hiyohiyo ya gemu bila kurudisha uchelewaji. Viwanda vingi huiacha hali ya gemu na rangi ya kibluu. Chagua ujoto wa rangi wa vuguvugu, punguza kunoa kingo kunakoweka mistari myeupe pembeni mwa wachezaji, ongeza mwanga wa nyuma kama chumba kina jua. Jipe jioni mbili tatu za kuizoea kabla ya kutoa hukumu.

Hata watazamaji wenyewe hawakubaliani kwamba mwendo uliolainishwa unapendeza. Mwishoni mwa 2018 Tom Cruise na mwongozaji Christopher McQuarrie walitoa video fupi wakiwasihi watu wauzime wanapoangalia filamu nyumbani, kwa kuwa unaifanya sinema ionekane kama tamthilia ya bei rahisi. Mwaka uliofuata umoja wa UHD Alliance ulitangaza Filmmaker Mode, hali inayozima ulainishaji ili filamu ionekane alivyoikusudia mwongozaji wake. Isichanganywe na hali ya gemu. Kuzima ulainishaji hakumaanishi kwamba TV imeacha kuhifadhi fremu kwa kazi nyingine, na kwenye TV nyingi hali hiyo bado inachelewa kuliko ya gemu.

Kwa TV isiyo na hali ya gemu, na zipo nyingi za bei nafuu, kazi inafanywa kwa mkono. Zima kuondoa chenga, ambako mara nyingi kuna vipengele viwili vilivyoandikwa Noise Reduction. Zima ulainishaji wa mwendo kwa jina lake la kiwanda: LG huuita TruMotion, Sony huuita Motionflow, na Samsung kwa miaka mingi imeuita Auto Motion Plus. Zima utofauti unaojibadilisha wenyewe. Weka ukubwa wa picha kwenye hali ya nukta kwa nukta ili TV isiikuze kidogo na kukata kingo. Kisha jaribu hila ya zamani ambayo bado inafanya kazi kwenye baadhi ya TV: libadilishe jina la tundu la HDMI liitwe PC. TV inaamini kuna kompyuta imechomekwa, na kwa kuwa maandishi ya kompyuta huharibika yakinolewa na kulainishwa, inaacha kazi zake nyingi. Kinachotia moyo ni kwamba TV ndogo ya bei nafuu inaweza kuwa na uchelewaji mdogo kuliko ile ya mamilioni iliyoachwa ilivyotoka kiwandani. Haina mbwembwe nyingi za kuzima.

TV ikishapangwa, sehemu kubwa iliyobaki iko kwenye mashine na kwenye gemu yenyewe. Gemu ya fremu 30 kwa sekunde hutoa picha mpya kila baada ya milisekunde 33.3, ya 60 kila 16.7, ya 120 kila 8.3. Kwa kuwa amri ya kidole hupita kwenye zaidi ya fremu moja kabla ya kuonekana, kupanda kutoka 30 hadi 60 kunaweza kuokoa muda mwingi kuliko mpangilio wowote uliobaki kwenye TV. GTA V ilikuwa ya fremu 30 kwenye PlayStation 4; toleo la PlayStation 5 la mwaka 2022 linampa mchezaji hiari ya kupunguza ubora wa picha ili apate 60. Gemu nyingi za kizazi hiki zina hiari ya namna hiyo, na watu wengi hawajawahi kufungua ukurasa ilipo. Kwa gemu ya hadithi inayotembea taratibu, chagua uzuri. Kwa mbio, mapigano, risasi na mpira, chagua kasi.

Anayetaka fremu 120 kwenye picha za 4K anahitaji TV yenye paneli ya hezi 120, yaani inayoonyesha picha mara 120 kwa sekunde, na tundu la HDMI linaloweza kupitisha mzigo huo, na si kila tundu linaweza. Kwenye TV nyingi ni moja au mawili kati ya manne, na pengine lazima kwanza uruhusu mawimbi makubwa kwenye menyu ya tundu hilo. Hapa ndipo waya unapohusika: waya dhaifu utakupa picha inayokatika au giza tupu. Ila waya haucheleweshi picha. Mawimbi hupita mita moja ya waya kwa kama sehemu tano za bilioni moja ya sekunde, kwa hiyo muuzaji anayekuambia kwamba waya wa bei kubwa hupunguza uchelewaji anakuuzia maneno.

Pedi isiyo na waya huongeza milisekunde chache. PlayStation 4 na 5 zina mpangilio wa kufanya pedi iwasiliane kwa waya wa USB, na kibandani kwenye pedi nyingi na simu nyingi zinazogombania masafa yaleyale ya Bluetooth, ni vyema kuutumia.

Suala zito kwetu ni mashine za zamani kwenye TV mpya. PlayStation 2 inachomekwa kwa waya wa AV, ule wa njano, mwekundu na mweupe, na kwa mfumo wetu wa PAL gemu zake nyingi hutoa picha za nusunusu: mistari ya shufwa kwanza, ya witiri baadaye, mara 50 kwa sekunde. Chogo ilizichora hivyohivyo na jicho likaziunganisha. TV bapa haiwezi. Lazima izishike nusu hizo, iziunganishe kuwa fremu kamili, kisha ikuze picha ya mistari 576 hadi ijaze mistari 1080 au 2160. Hata hali ya gemu haiwezi kuiondolea TV kazi hiyo. Inaweza tu kuifupisha. Vile vidude vidogo vya kugeuza AV kuwa HDMI navyo havitibu. Vinafanya kazi ileile ndani yake, mara nyingi kwa ubovu zaidi, halafu TV inaongeza ya kwake. Viko vifaa maalumu kama OSSC na RetroTINK vinavyoweza kuongeza mistari papo kwa papo bila uchelewaji wa maana, lakini bei yake inaizidi mashine yenyewe mara nyingi. Mwenye kibanda ambaye bado anaishi kwa PlayStation 2, na ana chogo nzima stoo, asiiuze kwa watu wa vyuma chakavu. Kwa mashine hiyo, hakuna TV ya kisasa ya bei ya kawaida itakayoishinda.

Sauti nayo ina njia yake. Ukiipunguzia picha uchelewaji na kuiacha sauti ipite kwenye spika ya Bluetooth, sauti itabaki nyuma ya picha, mara nyingi kwa zaidi ya milisekunde 100, na mlio wa filimbi utakuja baada ya wachezaji kusimama. Kwa mpira inaudhi tu. Kwa gemu za muziki inaua kabisa. Rock Band ya mwaka 2007 ilikuja na njia ya kurekebisha uchelewaji wa picha na wa sauti kila mmoja kwa nafasi yake, na gitaa la Rock Band 2 liliwekewa jicho la mwanga na maikrofoni ili lipime lenyewe TV ya mwenye nyumba. Tumia spika za TV, au spika za waya, au hedifoni zilizochomekwa kwenye pedi.

Kisha kuna intaneti, ambayo hubebeshwa lawama zote. Mwanga ndani ya nyuzi za mkongo husafiri kama kilomita 200,000 kwa sekunde. Kutoka Dar es Salaam hadi London kwa mstari ulionyooka ni kama kilomita 7,500, kwa hiyo kwenda na kurudi hakuwezi kupungua milisekunde 75 hata kama vifaa vyote njiani vingekuwa kamilifu, na mikongo ya baharini haiendi kwa mstari ulionyooka. Kabla ya mkongo wa SEACOM kutua kwenye pwani yetu mwaka 2009 tulitegemea setilaiti, ambako safari hiyo ilizidi nusu sekunde. Umbali huo hauondoki kwa kubonyeza rimoti. Mchezaji wa hapa anayekutana mtandaoni na wa Ulaya anaanza akiwa amechelewa kwa sababu za jiografia, na ndiyo maana hana anasa ya kuipa TV milisekunde nyingine 100. Mwenzake anayeishi karibu na seva anaweza kuzembea. Yeye hawezi.

Kupima si kazi ngumu. Wataalamu hutumia kifaa kidogo kama kile cha Leo Bodnar, kinachotuma miraba inayomweka kwenye TV na kusoma mwanga wake juu, katikati na chini ya kioo. Namba tatu hizo hutofautiana kwa kuwa paneli huchorwa kutoka juu kwenda chini, na kwa hezi 60 mstari wa mwisho huja karibu milisekunde 16 baada ya wa kwanza. Wanaochapisha vipimo hutaja ya katikati. Nyumbani inatosha simu inayoweza kurekodi fremu 240 kwa sekunde. Iweke mahali inapoona kidole na kioo kwa pamoja, bonyeza kitufe cha kurusha mpira mara kadhaa, kisha rudia video polepole ukihesabu fremu kutoka kitufe kuzama hadi mguu kuanza kusogea. Kila fremu ni milisekunde 4.2. Jumla utakayopata ni ya mnyororo mzima: pedi, gemu, mashine na TV. Ila ukirudia kwa gemu ileile baada ya kubadilisha mpangilio mmoja, tofauti utakayoiona ni ya TV peke yake. Zikipungua fremu 20, umeokoa milisekunde zaidi ya 80.

Hesabu hiyo ni muhimu kwa sababu boksi halitakuambia. Boksi lina namba nyingi, na karibu zote zinajibu swali jingine. Ile milisekunde 1 inayotangazwa kwa herufi kubwa ni muda wa nukta kubadili rangi, si muda wa amri kufika. Paneli ya OLED hubadilisha nukta kwa takriban sehemu ya kumi ya milisekunde na bado TV yake inaweza kuchelewa sana ikiachwa kwenye hali ya sinema. Namba kubwa za mwendo zinazofuatana na majina ya kibiashara mara nyingi huhesabu fremu za kubuniwa na ujanja wa taa, huku paneli yenyewe ikiwa ya hezi 60. Mnunuzi anayelipa ziada kwa ajili ya gemu anauziwa teknolojia ambayo atalazimika kuizima ili acheze. Viwanda vinaweza kupima uchelewaji wa kila aina ya TV kabla haijatoka. Kuichapisha namba hiyo pembeni ya boksi, katika hali ya gemu, kwa hezi 60 na kwa 120, kusingegharimu chochote zaidi ya wino. Mamlaka za viwango zinaweza kulidai hili.

Mpaka hapo viwanda vitakapolazimishwa, nenda dukani na mashine yako kwenye begi. Mwombe muuzaji aichomeke, aingie kwenye menyu akiwa kwenye tundu hilohilo la HDMI, na akuonyeshe hali ya gemu ilipo, ikiwa imewashwa, na picha ikiwa bado inakuridhisha. Rekodi kwa simu kitufe na kioo, hesabu fremu ukiwa umesimama palepale kaunta, ndipo mzungumze bei.